Uhuru wa nani? Kisa cha mchambuzi wa redio, baba mvuvi na fundi taa wa miaka 16

Kisa hiki kilitokea Kigoma kati ya Julai 2024 na Februari 2025. Nilikuwa mhariri wa vipindi katika redio ndogo iliyohusika, kwa hiyo baadhi ya makosa nitakayoyataja ni yangu mwenyewe. Majina ya watu, redio, shule na mwalo (ufuo wa kushushia samaki) nimeyaacha, na mambo mawili matatu ambayo yangemtambulisha mtu nimeyabadilisha. Nawaandikia hasa wahariri na watangazaji wa redio za mikoani, ingawa mwalimu au mtendaji wa kata naye huenda akakuta humu jambo analolijua.

Usuli

Kila Jumamosi saa tatu asubuhi tulikuwa na kipindi cha dakika 40 cha uchambuzi wa masuala ya jamii. Mchambuzi wetu alikuwa mwalimu wa sekondari aliyeacha kazi baada ya miaka mingi darasani. Hakuwa mropokaji. Alikuwa msomaji, alijiandaa, na alikuja studio na karatasi zake zimepangwa. Hoja yake kuu ilikuwa kwamba mtoto huzaliwa na hamu ya kujua na shule huiua, na kwamba mtu huru ni yule anayechagua mwenyewe ajifunze nini, lini na kwa nani. Serikali, alisema, haina haki ya kusimama kati ya mzazi na mtoto wake.

Fikra hizo alizitoa Marekani, na hakuficha. Alipenda kumtaja John Holt, mwalimu wa huko aliyekata tamaa ya kuzirekebisha shule na mwaka 1977 akaanzisha jarida mjini Boston kwa ajili ya wazazi waliowalea watoto wao bila shule. Leo kumsomesha mtoto nyumbani kunaruhusiwa katika majimbo yote 50 ya Marekani, na mchambuzi alituambia hivyo karibu kila mwezi. Ujerumani, ambako mzazi anayemzuia mtoto asiende shule hutozwa faini, hakuwahi kuigusa. Sikumuuliza kwa nini, na kuuliza ndiyo ilikuwa kazi yangu.

Watu walimpenda kwa sababu alisema mambo wanayoyaishi. Jumamosi moja alichukua swali la historia la Kidato cha Kwanza akalisoma hewani kwa Kiingereza, haraka haraka, kama linavyosomwa darasani. Akanyamaza sekunde tano hivi, na kwenye redio hizo ni nyingi. Kisha akasema, "Umeelewa? Na yeye hajaelewa." Simu zilimiminika. Kila mzazi mwenye mtoto aliyesoma miaka saba kwa Kiswahili, kisha akaingia sekondari na kuwa bubu, alijua anazungumzwa yeye. Siku nyingine alieleza kuhusu viboko: kwamba kanuni za mwaka 2002 zinampa ruhusa mkuu wa shule, au mwalimu aliyeruhusiwa naye kwa maandishi, na visizidi vinne. Hapo alikuwa sahihi kabisa, na wasikilizaji wengi walikuwa wanalisikia jambo hilo kwa mara ya kwanza.

Alikuwa pia na mfano wa nyumbani kwake. Binti yake baada ya Kidato cha Nne alijisomea mwenyewe, bila shule, na anafanya vizuri. Ni kweli, namfahamu. Ila pale nyumbani kuna rafu la vitabu, umeme, kompyuta, na baba anayejua Kiingereza.

Upande wa pili wa kisa kuna baba mmoja mwenye mitumbwi miwili ya dagaa. Kijana wake, wa miaka 16, alikuwa Kidato cha Pili, na tangu darasa la sita alikuwa anatengeneza taa za kuvulia. Wavuvi wa Ziwa Tanganyika huvutia dagaa kwa mwanga usiku wa giza, na mbalamwezi ikiwaka hupumzika. Zamani zilikuwa karabai. Siku hizi wengi wamehamia taa za betri na sola, na fundi wa karabai hawezi kuzigusa, kwa hiyo kazi imeangukia vijana wenye simu. Huyu alijifunzia YouTube.

Mwaka ule ziwa lilifungwa. Kuanzia Mei 15 hadi Agosti 15, 2024, uvuvi ulisimamishwa ili samaki wapate kuzaliana. Miezi mitatu bila kipato, na betri nazo zimelala stoo. Betri ya asidi ikiachwa muda huo bila kuchajiwa, sahani za risasi ndani yake huota ukoko mweupe na haishiki chaji tena. Ziwa lilipofunguliwa, nusu ya mwalo ulikuwa na betri mbovu na taa zisizowaka, na fundi mmoja tu wa kutegemewa.

Kilichotokea

Mwishoni mwa Julai mchambuzi alitoa kipindi alichokiita "Mtoto si mali ya shule". Kwa kweli kilikuwa kizuri. Katika dakika za mwisho alisema mzazi asikurupuke: kwanza mtoto awe anasoma na kuhesabu bila shida, pili awe ametaka mwenyewe. Kijana wetu wa mitandao akakata klipu ya dakika tatu, zile zenye moto, akaisambaza kwenye magrupu ya WhatsApp. Hayo maneno ya mwisho hayakuwemo. Klipu niliisikiliza kabla haijatoka, nikaipitisha.

Wiki ziwa lilipofunguliwa, baba akamwachisha kijana shule. Jumamosi ya Agosti 24 akapiga simu hewani. Sauti yake ilikuwa ya furaha.

"Shikamoo mwalimu. Nimefuata ushauri wako. Mwanangu nimempa uhuru wake, sasa anafanya kazi yake ya taa, na wateja anao."

"Marahaba mzee wangu. Hongera sana."

Kisha tukaenda kwenye tangazo.

Jumatatu asubuhi Afisa Elimu Kata alikuja ofisini na mwalimu wa malezi wa ile shule. Hakuja kugomba. Alikuwa na daftari la mahudhurio, akalifungua mezani, akatuonyesha kwa kalamu: hapa, hapa na hapa. Wazazi wengine wawili waliofuatwa kwa utoro wa watoto wao walikuwa wamemjibu, "Sikiliza redio." Alituuliza kama tunajua tunachokifanya, na akasema asiporidhika atapeleka malalamiko kwenye Mamlaka ya Mawasiliano. Alikataa chai.

Maamuzi ya kwanza

Tulikaa watu wanne: meneja, mimi, mtangazaji wa kipindi, na mchambuzi mwenyewe. Meneja alitaka kipindi kisimame mpaka upepo upite. Mtangazaji alitaka tuendelee kama kawaida, kwa kuwa hatukumwambia mtu yeyote amwachishe mtoto shule. Mchambuzi alisema kumsimamisha ni kumfunga mdomo kwa kosa la mtu mwingine.

Niliwapinga wote watatu, ingawa si kwa ujasiri niliotamani kuwa nao. Kumwondoa hewani kungemfanya shujaa, na hoja zake zingeendelea kusambaa bila mtu wa kuzijibu. Kuendelea kama kawaida kulimaanisha kudai kwamba "hongera sana" si ushauri, na hilo nisingeweza kulitetea mbele ya yule afisa na daftari lake. Tukakubaliana kipindi kibaki, kiwe na sauti ya pili ya kudumu, na baba apewe nafasi ya kueleza uamuzi wake.

Kama mnavyoona, kijana hayumo katika maamuzi hayo. Baba, afisa elimu, redio na mchambuzi, kila mmoja alikuwa na nafasi yake. Jumamosi ya Agosti 31 ilipita tukizungumzia bei ya mawese.

Safari ya mwaloni

Septemba 7, baada ya kipindi, nilimwomba mchambuzi twende mwaloni. Alikubali shingo upande. Kijana tulimkuta kwenye kibanda cha mabati chenye harufu ya dagaa na risasi ya kuchomelea, betri saba zimepangwa chini, multimeta, kile kipimo cha umeme, mkononi. Alitusalimia bila kuacha kazi. Anapima, anasoma, anatenga: hii upande huu, ile upande ule.

Mchambuzi akamuuliza anajuaje iliyokufa. Akasema ikisoma volti 12.6 imejaa, ikisoma 10.5 selo moja, yaani chumba kimoja cha ndani ya betri, imeondoka, usihangaike nayo. Kwa nini 10.5? Hakujua. "Ndivyo inavyokuwa," akasema. Alikuwa amezipima nyingi mpaka akaijua namba kwa macho.

Mchambuzi akachutama. Akaokota kipande cha boksi, akatoa kalamu mfukoni, akaandika: 12.6 gawanya kwa 6. Akamwuliza betri ina vifuniko vingapi juu. Sita. Basi kila selo inabeba 2.1, ikifa moja, toa 2.1. Kijana aliliangalia lile boksi muda mrefu kuliko nilivyotarajia, halafu akasema taratibu, "Kwa hiyo ikisoma nane na nukta nne, zimekufa mbili." Akainuka akaenda kuipima tena betri moja aliyokuwa ameiweka pembeni peke yake, ambayo ilikuwa imemsumbua wiki nzima.

Nilimuuliza kuhusu YouTube. Nilitegemea aisifie. "Kwenye simu naona mikono tu," akasema. "Wanachosema sikijui. Wengine Wahindi, wengine Wazungu." Kuhusu shule, alisema hisabati inamchosha, lakini Kiingereza angekitaka, kile cha kumsaidia kuelewa video, si kile cha kukariri. Kumbe lugha ile ile ambayo mchambuzi aliitumia kuonyesha ubaya wa shule ndiyo kijana aliyokuwa anaikosa kibandani. Na kuhusu uhuru, alitutazama kidogo. "Baba ndiye alisema nimeacha. Mimi nilikuwa nimemwambia nitakuja siku za giza tu."

Mama yake alikuwa anaanua dagaa hatua chache kutoka pale. Tulipomfuata alisema mambo mawili: kwamba yeye hakuulizwa, na kwamba alikwishakwenda kwa mkuu wa shule Jumatano. Hakuwa amesubiri redio wala afisa.

Maamuzi ya pili

Tulikuwa tumerekodi mazungumzo ya kibandani kwa simu. Mtangazaji aliposikia sauti ile, "naona mikono tu", alisema hiyo ndiyo kipindi, iende hewani. Nilikataa. Kijana ni mtoto kisheria, mwaloni kila mtu anaijua sauti yake, na maneno yake yangesikika kama anamshitaki baba yake mbele ya mji mzima. Tulikubaliana mchambuzi aeleze alichokiona bila kumtaja wala kumwigiza. Mpaka leo naamini huu ndio uamuzi wetu bora katika kisa chote, na ndio ulioleta ubishi mkubwa zaidi chumbani.

Septemba 14 walikaa watatu studio: mchambuzi, mwalimu wa sekondari aliye kazini, na mwanasheria. Baba tulimwalika, akaahidi, hakutokea.

Mwanasheria alipanga mambo vizuri. Sheria ya Elimu ya mwaka 1978 inamlazimisha mzazi kumwandikisha mtoto elimu ya msingi na kuhakikisha anahudhuria. Sheria ya Mtoto ya 2009 inaiweka elimu kama haki ya mtoto, na mzazi ana wajibu juu yake. Toleo la 2023 la sera ya elimu, ambalo lilikuja kuzinduliwa rasmi mwanzoni mwa 2025, linataja elimu ya lazima ya miaka 10. Halafu akaeleza njia zilizopo kwa aliye nje ya darasa: mpango wa MEMKWA kwa walioikosa elimu ya msingi, mtihani wa maarifa ambao watu huuita QT, mtahiniwa wa kujitegemea wa Kidato cha Nne, na VETA, mamlaka ya mafunzo ya ufundi stadi, ambayo pia ina utaratibu wa kumpima na kumpa cheti fundi aliyejifunzia mtaani. Akaongeza jambo ambalo wengi wetu hatukulijua: ili uandikishwe kuwa mtahiniwa wa kujitegemea, lazima uwe umefaulu upimaji wa Kidato cha Pili au QT. Yule kijana alikuwa ametolewa shule miezi michache kabla ya upimaji huo huo.

Mchambuzi alieleza habari ya boksi na 12.6. Hakuomba radhi kwa neno hilo. Alisema, "Nilimpongeza mtu kabla sijauliza aliyepewa uhuru ni nani." Kwa mtu mwenye kiburi chake, niliona inatosha. Afisa Elimu Kata hakuona hivyo.

Matokeo

Kijana alirudi shule wiki ya mwisho ya Septemba. Si sisi tuliomrudisha. Mama na mkuu wa shule walikwishakubaliana, na baba alilegea mbalamwezi ilipowaka na kazi ikapungua. Mkuu wa shule, mama mmoja mpole wa sauti lakini si wa maamuzi, alimvumilia kwa kukosa baadhi ya siku za giza. Alifanya hivyo kwa dhamana yake mwenyewe, na simshauri mtu auchukue kama utaratibu. Kijana alifanya upimaji, akafaulu kwa alama za kawaida, hisabati ikiwa mbaya na fizikia nzuri. Januari aliingia Kidato cha Tatu. Mpaka naacha kufuatilia, Februari 2025, alikuwa bado anatengeneza taa Jumamosi na Jumapili.

Malalamiko hayakufika kwa mdhibiti. Kati ya wale watoto wengine wawili, mmoja alirudi. Wa pili familia ilihamia upande wa Uvinza na shule ikapoteza habari zake. Baba haongei na mchambuzi. Anaona aligeukwa hewani, na nikiisikiliza rekodi upya siwezi kusema amekosea.

Uchambuzi

Nianze na neno ambalo kwa maoni yangu lilifanya kazi kubwa kuliko mtu yeyote: kujitegemea. Mchambuzi alikuwa na mazoea ya kuunganisha hoja zake na Mwalimu Nyerere. Mwaka 1967 Nyerere aliandika kuhusu Elimu ya Kujitegemea, na Kigoma, kama kwingineko, ukimtaja Mwalimu mtu hukaa vizuri kwenye kiti. Mchambuzi alisoma maneno yale kana kwamba kujitegemea ni mtoto kujifunza peke yake, kwa hiari yake, mbali na mamlaka. Nyerere alikuwa anasema karibu kinyume. Alilalamika kwamba shule za kikoloni zinamfundisha mtu kujipenda na kuwadharau wakulima, akataka shule iwe jamii yenye shamba lake, watoto walime pamoja, kisha wale walichovuna. Anayejitegemea pale ni shule, kijiji, taifa. Na mwaka 1974 Azimio la Musoma likasukuma watoto wote waingie shule ya msingi kabla mwaka 1977 haujaisha. Huo si msimamo wa mtu anayemwachia kila mzazi aamue.

Kwa hiyo msikilizaji alipewa fikra za Boston zimevalishwa shati la Butiama, kijijini kwa Nyerere. Baba hakuwa mjinga kuzikubali. Alisikia mwalimu mstahiki akimwambia, kwa maneno ya Mwalimu mwingine mstahiki zaidi, kwamba jambo lililomfaa mfukoni lilikuwa pia jambo jema. Mimi niliyekuwa na karatasi zote mezani nilipaswa kumzuia mchambuzi pale pale na kumuuliza: Mwalimu alisema hivyo wapi?

La pili ni lile la uhuru wenyewe. Katika hoja ya mchambuzi, mzazi na mtoto walikuwa upande mmoja na serikali upande wa pili. Pale mwaloni kulikuwa na baba, mama na kijana, watu watatu wenye nia tatu. Kijana alikuwa na mpango wake, siku za giza kibandani na zilizobaki darasani, na ulikuwa mpango wa akili kuliko wa baba, wa shule na wa redio. Ukiuangalia vizuri, ndio elimu ya kujiongoza mwenyewe ambayo mchambuzi aliihubiri. Ila mwenyewe hakuulizwa, na sisi tulichukua wiki mbili kufika hatua ya kumuuliza.

Sikubaliani na wanaosema kisa hiki kinaonyesha mchambuzi alikosea yote. Malalamiko yake kuhusu lugha ya kufundishia ni ya kweli, na tukimnyamazisha hayataondoka. Kijana alijifunza kitu halisi, chenye soko, bila mwalimu, na ile 10.5 aliigundua mwenyewe kwa mikono yake. Kilichokosekana ni mtu wa kuandika 12.6 juu ya boksi, na huyo hapatikani katika kila nyumba.

Kiutendaji, sauti ya pili ilitufaa mara moja. Simu za Septemba 14 hazikuwa za kushangilia. Zilikuwa za kuuliza: QT inaandikishwa wapi, VETA wanataka nini. Pia tuliweka sharti kwamba mpigaji akisema amechukua hatua kwa ushauri wa kipindi, mtangazaji aulize maswali matatu kabla ya mtu kupongezwa: hatua gani, nani mwingine inamhusu, naye amesema nini. Linavunja mwendo wa kipindi, na mtangazaji analichukia. Limebaki.

Klipu ndiyo iliyotushinda. Tuliifuta kwenye kurasa zetu, tukatoa nyingine yenye maneno ya mwisho, dakika tano na nusu. Hakuna anayesambaza klipu ya dakika tano na nusu. Ile ya dakika tatu bado inazunguka. Mwezi huu nimetumiwa mara mbili, mara moja na shemeji yangu wa Kasulu, mwenye mtoto Kidato cha Kwanza, akiniuliza kama ni kweli.